Shiti sita za stenlesi: vile nilivyookoa laki sita na sitini nikaja kulipa mamilioni

Simu ilinikuta nafungua karakana hapa Katwe, Kampala, jumatatu asubuhi, mwezi wa tatu 2025. Ni mzee wa kituo cha maziwa kule Kiruhura, magharibi mwa Uganda. Huyu mzee alikuwa jeshini zamani, kwa hiyo Kiswahili chake ni cha kambini, hakizunguki. "Kijana, tangi lako linatoa chai." Mi nikacheka nikidhani ni utani wa asubuhi. "Mimi sicheki. Njoo uone rangi."

Nikaenda. Mpaka Mbarara pekee ni karibu kilomita 270, halafu bado unarudi ndani, njia nzima naomba mungu iwe ni vumbi tu limeshika. Haikuwa vumbi. Matangi yangu mawili ya stenlesi, chuma kisichotakiwa kushika kutu, ya lita 1,000, yana miezi minne tu tangu niyakabidhi, chini ya bomba la kutolea kumetiririka mstari wa kahawia kama mtu kamwaga chai ya rangi, na kwenye mwili wa tangi kuna vidoa vidogo vidogo vimetapakaa kama ganda la ndizi iliyoiva sana. Nikapitisha kidole, kikarudi na unga wa kutu. Mzee ananiangalia tu. Mbaya zaidi wafugaji walikuwa wamesimama na makopo yao wanasikiliza, unajua tena habari za kijijini, kufika saa nne kila mtu anajua fundi wa Kampala kaleta debe.

Wenzangu wa karakana wamenisumbua niiandike hii yote na hesabu zake, maana nusu yao wananunua mle mle nilimonunua mimi. Sitataja duka. Siyo uoga, ni kwamba ukitaja duka moja watu watahamia la jirani wakidhani wamepona, na shida haipo kwenye duka moja.

Kazi ilikuwa hivi. Novemba 2024 kituo kinataka matangi mawili ya kupokelea maziwa asubuhi kabla hayajasukumwa kwenye tangi la kupozea. Madumu ya plastiki yalishakatazwa kwenye maziwa, Mamlaka ya Maendeleo ya Maziwa hawataki hata kuyaona, kwa hiyo vituo vinahamia kwenye alumini au stenlesi. Nikapiga hesabu, nahitaji shiti 6 za futi 4 kwa 8, unene milimita 1.5, gredi 304. Kwa asiyejua, 304 ndo ile ya vyombo vya chakula na maziwa, ndani yake kuna kromiamu kama asilimia 18 na nikeli kama asilimia 8, hiyo kromiamu ndo inajitengenezea ngozi nyembamba juu ya chuma kutu isipate pa kuingilia.

Duka la kwanza wakaniambia shilingi 560,000 za Uganda kwa shiti. Nikatoka. Duka la pili, siyo mbali, jamaa akaniambia "bosi wangu, wewe ni mteja, chukua 450,000, 304 orijino." Tofauti 110,000 mara sita, ni 660,000. Na bei ya kazi nilishaikubali kule Kiruhura nikiwa nimejibana, so hizo laki sita na sitini zilikuwa karibu faida yangu yote. Niambie wewe ungefanyaje.

Sikununua kama kipofu lakini, hilo naomba lieleweke. Nilitoa sumaku mfukoni nikaweka juu ya shiti, haikushika. Niliangalia ile plastiki ya kukinga juu ya shiti, imeandikwa 304 kwa herufi kubwa kutoka mwanzo mpaka mwisho. Nikagonga na kucha, mlio safi, nikalipa.

Sasa niliporudi kutoka Kiruhura nilikuwa nimebakiza kipande cha ukubwa wa sahani pale karakana, kimekaa chini ya meza na plastiki yake. Hicho ndo kilinifundisha. Kwanza nikachukua kalipa, kile kifaa cha kupimia unene kwa milimita. Na plastiki inasoma 1.4, nikabandua plastiki inasoma 1.3. Nikapima pembe zote nne nikijiambia labda kalipa imechoka, nikaazima ya jirani, ile ile 1.3. Ona ujinga wangu, miaka yote nina kalipa kwenye droo na siku ya kununua nilienda na sumaku tu.

Halafu kuna jamaa wa skrepa anauza ile dawa ya matone, chupa ndogo ya kichina na betri ya volti 9. Unadondosha tone juu ya chuma, unagusisha nyaya za betri sekunde chache, unasubiri rangi. Kwenye 304 ya kweli tone halibadiliki kuwa jekundu. Kwenye kipande changu lilianza kama pinki, likakolea, likawa kama juisi ya bitiruti. Huo wekundu ni manganisi. Nikabisha, nikasema dawa imeharibika, basi akanipeleka kwa mwenzake mwenye bunduki ya eksirei, ile unailenga kwenye chuma na skrini inakuonyesha kilichomo. Kromiamu 14 na kidogo. Manganisi karibu 10. Nikeli 1.1.

Nikeli moja pointi moja. Nililipia nane.

Hapa nitoke nje ya njia kidogo kuhusu sumaku, maana Katwe nzima tunaiamini kama mganga. Nikeli ikiwa ya kutosha ndani ya stenlesi inapanga chuma kwa namna ambayo sumaku haishiki. Lakini manganisi inafanya kazi hiyo hiyo na ni rahisi mara nyingi, ndo maana familia ya 200, yaani 201 na wadogo zake wa nikeli asilimia moja, sumaku haizishiki pia. So sumaku inaweza kukuambia hii siyo chuma cha kawaida, haiwezi kukuambia hii ni 304. Na kichekesho ni kwamba kuna gredi 430, haina nikeli kabisa, sumaku inaishika vizuri, mafundi wanaikataa wakisema feki, wakati kromiamu yake ni 16 mpaka 18, kwa kutu inaweza kuishinda hiyo takataka niliyobeba mimi. Na 304 yenyewe ukiikunja sana kwenye kona sumaku inaanza kuishika kidogo. Yaani kipimo chetu kinakataa mzuri na kinapitisha mwizi.

Ila kabla sijamrukia muuzaji ilibidi nijikague mwenyewe, kwa sababu kutu kwenye stenlesi ina baba zaidi ya mmoja. Mshono wa chini karibu na bomba, pale palipotoa ile chai, kijana wangu alisafisha na brashi ya waya ya chuma cha kawaida. Nilimkuta nayo siku ile ile nikanyamaza kwa sababu tulikuwa tunakimbizana na muda. Brashi ile inaacha vijichembe vya chuma juu ya stenlesi, vinashika kutu vyenyewe, na pale ulipochomelea ile ngozi ya kromiamu imeungua, inatakiwa uoshe na asidi ya kusafishia mishono ndo irudi, sisi tulipiga polishi tu ing'ae. Hilo ni kosa la karakana yangu asilimia mia. La pili, kituo walikuwa wanaosha matangi na dawa ya klorini, wanaiacha imelala usiku kucha kwa usafi zaidi, na klorini ni adui wa stenlesi hata iwe ya kweli. Nilimwambia mzee, akasema hakuna mtu aliyewahi kumwambia, na ni kweli, nilikabidhi matangi na mkono tu, hakuna karatasi ya maelekezo.

Lakini vile vidoa vya ndizi mbivu vilikuwa katikati ya shiti, mbali na mshono wowote, na vingine upande wa nje kabisa ambako klorini haijawahi kufika, labda mvuke wake. Hapo brashi haihusiki. Kipande changu kilichobaki, ambacho hakijawahi kuona maziwa wala klorini wala moto, nilikiweka nje kwenye mvua na vumbi la Katwe wiki tatu pamoja na kipande cha 304 cha kazi nyingine. Kile cha 304 kilichafuka tu, kitambaa kikakirudisha. Kingine kikaota vidoa vile vile. Kwa hiyo hukumu yangu: mshono ni mimi, klorini iliharakisha, mwili wa tangi ni shiti.

Sasa twende kwenye pesa, maana hapa ndo nilitaka kufika. Shiti ya futi 4 kwa 8 ina eneo la mita za mraba 2.98, na stenlesi kila milimita moja ya unene inakupa kilo 7.93 kwa mita moja ya mraba. Zidisha, shiti nzima inabeba kilo 23.6 kwa kila milimita ya unene. Ya 1.5 kamili ni kilo 35.4. Yangu ya 1.3 ni kilo 30.7. Nimenyimwa kilo 4.7 kila shiti, kwa sita ni kilo 28, karibu shiti nzima ilibaki hewani.

Gawanya bei kwa kilo sasa. Duka la ghali, 560,000 kwa kilo 35.4, ni kama 15,800 kwa kilo. Duka la rahisi, 450,000 kwa kilo 30.7, ni kama 14,650. Niliona punguzo la asilimia 20, kumbe kwa kilo ni asilimia 7 tu. Na hapo ni kama chuma kingekuwa sawa. Mwezi ule nikeli duniani ilikuwa kama dola 16,000 kwa tani, yaani dola 16 kwa kilo. Shiti ya 304 ya kilo 35.4 ina nikeli kilo 2.8, ni dola 45 hivi. Yangu ilikuwa na kama gramu 340, dola tano na kitu. Dola tufanye 3,700, tofauti ya nikeli peke yake ni kama 147,000 kwa shiti. Niliokoa 110,000 nikaacha 147,000 mezani, bado hujahesabu kilo zilizokosekana. Jamaa hakunipunguzia bei. Alinipandishia.

Na kwa nini soko letu limejaa hii kitu? Lazima urudi nyuma kidogo. Viwanda vyetu hapa Uganda vinayeyusha skrepa kutoa nondo na angulo, vinakunja mabati, stenlesi hakuna anayeyeyusha, yote inakuja na kontena kupitia Mombasa, inapanda mpakani Malaba au Busia, zaidi ya kilomita 1,100 barabarani. Zaidi ya nusu ya stenlesi ya dunia inatoka China, India nao ni wakubwa, na India ndo wamezoea muda mrefu hii familia ya 200 kwa masufuria na vikombe. Bei ya 304 inabebwa mgongoni na nikeli. Nikeli ikipanda kiwanda kinatafuta njia ya kuiepuka, ilikuwa hivyo 2007 ilipopita dola 50,000 kwa tani, na ikawa hivyo tena machi 2022.

Ile ya 2022 naikumbuka vizuri. Urusi imeingia Ukraine, Urusi ni muuzaji mkubwa wa nikeli, na upande wa pili kuna bwana mkubwa wa China, Xiang Guangda wa Tsingshan, kampuni kubwa kabisa ya stenlesi, alikuwa ameweka dau kubwa kwamba nikeli itashuka. Ikapanda. Tarehe 8 machi soko la metali la London likagusa zaidi ya dola 100,000 kwa tani, wakasimamisha biashara, wakafuta mauzo ya siku hiyo, wakafunga soko la nikeli kama wiki. Hata lilipofungua bei ilikaa juu ya 30,000 kwa muda. Kwa bei hiyo nikeli ndani ya shiti moja ya 304 ni dola 85. Huku mjini wauzaji wakawa wanabadilisha bei jioni na asubuhi, na mimi nilichoona kwa macho yangu ni kwamba kipindi kile ndo neno "stenlesi" lilibaki peke yake, namba ikapotea. Ukiuliza 304 unaambiwa "stenlesi ni stenlesi ssebo, sumaku hii hapa."

Halafu nikeli ikaporomoka. Indonesia walikataza kusafirisha mawe ghafi ya nikeli tangu januari 2020, wachina wakazidi kuhamia kule na matanuru yao, Morowali na kwingine, sasa zaidi ya nusu ya nikeli ya dunia inachimbwa Indonesia na mzigo umezidi mahitaji, kufika mwisho wa 2024 tuko kwenye 15,000 mpaka 16,000. Kwa akili ya kawaida ungetegemea 304 irudi madukani kwa sababu tofauti yake na 201 imepungua. Haikurudi vile, kwa sababu mnunuzi alishaacha kuuliza na muuzaji alishaonja utamu. Bei ya duka Kampala haifuati London, inafuata kontena. Mzigo ulionunuliwa bei ikiwa juu hauuzwi hasara ati kwa sababu nikeli imeshuka juzi, na mzigo mpya ukifika unauzwa kwa bei ya mzigo wa zamani mpaka jirani aanze kushusha.

Kuna jambo moja zaidi ambalo nililijua baada ya kukaa na shemeji yangu anayeshughulika na klia, kutoa mizigo forodhani, pale Malaba. Anayeleta kontena analipa kiwandani kwa tani. Anauza kwetu kwa kipande. Hapo hapo katikati ndo kuna pesa. Kontena la tani 25 ukijaza shiti za 1.5 kamili unapata kama 706. Ukimwambia kiwanda akuvingirishie 1.3 uite 1.5, unapata kama 814. Shiti 108 za bure, kwa 450,000 ni zaidi ya milioni 48. Hata kama chuma kingekuwa 304 safi, huo mchezo wa unene peke yake unalipa. Na ile plastiki yenye 304? Plastiki inachapishwa, siyo kazi ngumu kuliko kuchapisha mfuko wa unga.

Nilimrudia muuzaji na karatasi ya eksirei. Hakukasirika, ndo kilichoniudhi. Akasoma, akanirudishia, akasema "bosi, onyesha risiti." Risiti yangu, ile halali kabisa ya EFRIS, mfumo wa risiti wa mamlaka ya mapato, na VAT yake asilimia 18 ndani, imeandikwa shiti za stenlesi, idadi 6. Basi. Hakuna 304, hakuna 1.5. Alisema 304 kwa mdomo, na mdomo haukatiwi risiti. Nilisimama pale kama dakika nzima natafuta la kusema. Mwisho akaniambia naye amenunua kwa mtu, na nadhani hapo alisema ukweli.

Mzee wa Kiruhura sikumpeleka mzungukoni. Nilinunua shiti 6 kule kwa duka la 560,000, 3,360,000 hizo, ukiweka gesi ya agoni, mshahara wa vijana, gari la kwenda na kurudi, nilimaliza kazi nikiwa kwenye deni. Kituo walikubali kuchangia usafiri kwa sababu ya ile klorini, mzee alisema mwenyewe, "hapo na sisi tulikosa." Lakini safari hii hakutaka simu. Alipanda basi akaja Katwe, akasimama kwenye mizani ya jamaa wa skrepa, kila shiti inapandishwa anasoma mwenyewe kwa sauti kama anaita majina ya askari gwaride. 35.2. 35.5. 35.1. Ya nne ikasoma 33, akasema "hii irudi," ikarudi, na duka wakabadilisha bila kelele. Tone la dawa tukaweka kwenye kila moja, kwenye risiti wakaandika 304, milimita 1.5 na kilo, na cheti cha kiwanda wakatoa nakala, nikalinganisha namba ya tanuru iliyo kwenye cheti na ile iliyochapwa kwenye shiti.

Siku hizi mi nauliza bei ya kilo tu. Wengi wanakasirika, wananiuliza kama nimekuja kununua nyama. Wawili watatu wameanza kuweka mizani nyuma ya kaunta. Na kazi zisizogusa chakula, vizuizi vya ngazi, mageti ya ndani, bado natumia 201, haina ubaya ukiinunua kwa jina lake na bei yake, mteja akijua.

Matangi ya zamani nilikata. Shiti moja niliichukua ikawa meza ya kijana anayepika rolex, ile chapati ya kukunjwa na mayai, pale stejini, anaipaka mafuta kutwa nzima na kuipangusa na kitambaa kile kile, mwaka sasa unaenda na haina hata doa moja. Kila nikipita ananiambia, "mzee, hii ni orijino kabisa."